Garimoshi la sekunde 50 na uzushi wa watu waliokimbia

MKAZI wa Wema, kijiji kilicho karibu na Garsen katika Kaunti ya Tana River, akitaka kuabiri garimoshi hana budi kutafuta gari hadi Garsen, apite Malindi, aingie Mombasa na hatimaye afike Miritini. Hiyo ni safari ya zaidi ya kilomita 200 kabla hajakanyaga stesheni. Reli haijawahi kufika kwao.

Lakini kijana huyo huyo wa Wema, akiwa na simu na mtandao, anaweza kutazama garimoshi likiingia stesheni saa yoyote apendayo. Na akianza kutafuta chanzo cha sinema duniani, garimoshi atakaloletewa kwanza ni lile lile ambalo wengi wetu tuliliona vitabuni kabla ya kuliona likienda: injini nyeusi inayotokea mbali, inakua, inapita upande wa kushoto wa picha na kusimama, huku abiria wakihangaika kutafuta milango. Stesheni hiyo ni ya La Ciotat, mji mdogo wa pwani kusini mwa Ufaransa. Aliyeipiga picha ni Louis Lumière. Mkanda wenyewe una urefu wa mita 17 hivi na unakwisha kwa sekunde 50.

Pamoja na picha hiyo kijana ataletewa hadithi. Ataambiwa kwamba siku filamu hiyo ilipoonyeshwa mara ya kwanza mjini Paris, watazamaji waliruka kutoka vitini na kukimbilia mlangoni wakidhani garimoshi litawakanyaga. Hadithi hiyo imo katika vitabu vya kiada, imo katika vipindi vya televisheni, na walimu waliisimulia kwa nia njema. Ni tamu. Tatizo lake ni kwamba hakuna ushahidi wowote wa kuithibitisha, na kwetu sisi wa Afrika Mashariki haikuishia kuwa kichekesho tu, kama tutakavyoona.

Tuanze na kifaa chenyewe. Kamera ya akina Lumière, waliyoiita Cinématographe, ilikuwa sanduku la mbao ambalo mtu mmoja aliweza kulibeba mkononi. Sanduku hilo moja lilipiga picha, likachapisha nakala, na likifungwa mbele ya taa lilirusha picha hizo ukutani. Halikuhitaji umeme kuendeshwa. Mpiga picha alizungusha mpini kwa mkono, mizunguko miwili hivi kila sekunde, na kila mzunguko ulipitisha picha nane. Kwa hiyo sekunde moja ya filamu ni picha 16 zilizofuatana. Ndani mlikuwa na vidole viwili vya chuma vilivyoingia katika matundu ya pembeni mwa mkanda, vikauvuta chini hatua moja, vikajitoa, vikarudi juu. Utaratibu huo wa kuvuta na kusimama ulitokana na cherehani, ambayo nayo huvuta kitambaa, husimama sindano ichome, kisha huvuta tena. Fundi wa nguo wa Garsen angeuelewa bila kufundishwa.

Ulinganishe na kamera ya Thomas Edison wa Marekani ya miaka hiyo, iliyokuwa nzito mno na iliyohitaji umeme, hata wachezaji wakalazimika kwenda mbele yake studioni. Kamera ya Lumière iliwaendea watu walipo. Ndiyo sababu tunaona barabara, bandari, viwanda na stesheni katika filamu zao, wala si jukwaa la maigizo.

Mbona garimoshi, basi, na si kitu kingine? Msomaji anaweza kudhani ni kwa sababu lilikuwa ajabu. La hasha. Kufikia mwaka 1895 reli ilikuwa jambo la kawaida kabisa nchini Ufaransa, na watu wazima waliokaa katika ukumbi wa sinema walikuwa wamelipanda tangu utotoni. Sababu ni za kifundi zaidi. Mpiga picha mwenye sekunde 50 pekee hawezi kungoja jambo litokee; anahitaji tukio linalojulikana litaanza saa ngapi na litaishia wapi. Garimoshi lina ratiba. Tena linakuja na umati wake bila kulipwa, na jua la mchana linaangaza kila kitu. Zaidi ya hayo, Louis Lumière, ambaye alikuwa mpiga picha hodari za kawaida kabla ya kuwa mtu wa sinema, hakuiweka kamera ikabiliane na reli uso kwa uso. Aliiweka kando, juu ya jukwaa la abiria, ili garimoshi lipite mshazari. Kwa njia hiyo kitu kidogo cha mbali kinageuka kuwa kikubwa cha karibu bila kamera kusogea hata inchi moja. Wachoraji walijua siri hiyo karne nyingi. Yeye aliipa mwendo.

Na tusidanganyike kwamba ni tukio lililonaswa kama lilivyo. Miongoni mwa watu wanaotembea kwenye jukwaa hilo wamo jamaa za Lumière wenyewe, akiwemo mama yao mzazi na watoto, kwa maana familia hiyo ilikuwa na nyumba ya mapumziko hapo La Ciotat. Walijua kamera iko wapi, na wanapita karibu nayo bila kuitazama, jambo ambalo si rahisi. Abiria wengine hawakuambiwa. Yupo kijana mmoja mwenye mavazi ya shamba, anashuka, anaiona kamera, anasita, kisha anajikaza na kupita. Kwa maoni ya mwandishi huyu, huyo ndiye mtu wa kweli kuliko wote katika filamu hiyo.

Kuna jambo lingine ambalo wanahistoria wamelifafanua. Onyesho maarufu la Desemba 28, 1895, katika chumba cha chini cha Grand Café mjini Paris, ambako watu 33 walilipa faranga moja kila mmoja, lilikuwa na filamu 10. Hiyo ya garimoshi haikuwemo. Ilianza kuonyeshwa hadharani Januari 1896. Tena, filamu tunayoiona leo inaaminika kuwa ni toleo lililopigwa upya mwaka 1897, kwa kuwa akina Lumière walikuwa na desturi ya kurudia mikanda iliyochakaa kwa kuonyeshwa sana. Maana yake ni kwamba hata kama watu walikimbia, hawakuikimbia filamu hii.

Basi walikimbia au hawakukimbia? Msomi Mjerumani Martin Loiperdinger alilichunguza suala hili kwa kina, akatafuta katika magazeti ya wakati huo na kumbukumbu za polisi. Hakukuta taarifa ya taharuki. Na jambo la aina hiyo, ukumbi kujaa watu wanaokanyagana katikati ya Paris, lisingewapita waandishi wa habari; sisi wa kazi hii tunajua. Alichokuta ni watu kushangaa, kusifu, na kuandika kwa mbwembwe. Mwandishi Mrusi Maxim Gorky, aliyeona filamu za Lumière huko Nizhny Novgorod mwaka 1896, aliandika kana kwamba garimoshi lile litamponda msomaji, kisha papo hapo akasema ni la vivuli tu. Hiyo ni lugha ya mwandishi anayecheza na hisia, si ushahidi wa polisi. Tukumbuke pia kwamba picha ilikuwa ya rangi nyeusi na nyeupe, ndogo, inayotetemeka, na bubu kabisa. Ukumbini ulisikika mlio wa mpini unaozungushwa.

Hadithi ya kukimbia ilikuzwa na watu wa sinema wenyewe. Mwaka 1901 Mwingereza Robert Paul alitengeneza filamu fupi ya kuchekesha inayomwonyesha mtu wa shamba akitazama sinema, naye anapoona garimoshi anatoka mbio. Mwaka uliofuata kampuni ya Edison ikaiga, ikamwita mshamba wao Uncle Josh. Angalia mzaha unavyofanya kazi: mtazamaji wa mjini anacheka kwa sababu anajiona yeye ni mjanja. Ili mtu wa mjini awe mjanja, lazima apatikane mshamba. Miaka ilivyopita, mzaha ukageuka kuwa historia.

Sasa tuvuke bahari. Julai 7, 1896, filamu za Lumière zilionyeshwa katika Hoteli ya Watson mjini Bombay, na miongoni mwa zile sita za siku hiyo ilikuwemo ya garimoshi kuwasili. Mwaka huo huo vibarua kutoka Bara Hindi walikuwa wakipakiwa melini kuja Mombasa, na Mei 30, 1896, ujenzi wa Reli ya Uganda ukaanza. Garimoshi la picha lilifika Bombay wakati wafanyakazi wa garimoshi la chuma wakiondoka India. Kufikia mwisho wa kazi, karibu watu 32,000 walikuwa wameletwa kwa mkataba na karibu 2,500 kati yao wakafa. Reli ilifika mahali palipokuja kuwa Nairobi Mei 1899, na ikagonga Ziwa Victoria Desemba 20, 1901, katika kituo kilichoitwa Port Florence, yaani Kisumu ya leo. Urefu wake ulikuwa kilomita 930 na ushei.

Si kwamba ndiyo iliyokuwa ya kwanza katika eneo letu. Sultani Barghash wa Unguja alikuwa ameweka reli ndogo ya kwenda kasri lake la Chukwani miaka ya mwanzo ya 1880. Wajerumani walianza reli ya Usambara kutoka Tanga mwaka 1893. Na watu wa mto Tana waliuona mvuke kabla ya watu wa Nairobi kuwa na mji: mwaka 1891 meli ndogo ya mvuke iliyoitwa Kenia, ya Kampuni ya Kifalme ya Afrika Mashariki ya Uingereza, ikiongozwa na nahodha Dundas, ilipanda mto huo kutafuta njia ya kwenda bara. Tana, wenye mafungu ya mchanga na mikondo inayohama, haukufaa kuwa njia kuu ya biashara. Mombasa ikapata reli, na delta ikabaki na mitumbwi. Kilichotoka mtoni na kusafiri nchi nzima ni sauti: wimbo wa Wapokomo wa kubembeleza mtoto ndio uliotoa lahani ya wimbo wetu wa taifa mwaka 1963.

Tazama hata maneno yetu. Hatukuazima jina la mashine hiyo wakati ilipoingia. Tulilitunga kutokana na kile kilichoonekana kwanza, gari la moshi. Lakini mahali linaposimama tukapaita stesheni, kwa neno la Kiingereza, na njia yake tukaiita reli. Mashine tuliipa jina sisi, mipango yake ikaja na majina ya wenyewe.

Turudi kwa yule mshamba anayekimbia. Katika makoloni ya Uingereza hakubaki kuwa kichekesho. Aligeuzwa kuwa nadharia ya serikali. Kati ya mwaka 1935 na 1937, mradi wa majaribio ya sinema ya elimu kwa Waafrika uliendeshwa huko Vugiri, katika vilima vya Usambara, chini ya Leslie Notcutt na Geoffrey Latham, kwa fedha za Shirika la Carnegie la Marekani. Ulitengeneza filamu 35, kuhusu kilimo, afya, akiba ya posta na mengineyo, kisha lori likazizungusha Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Filamu zilikuwa bubu. Maelezo yalirekodiwa katika sahani za santuri, Kiswahili kikiwemo, na fundi alipaswa kuhakikisha sahani na mkanda vinakwenda pamoja. Haikuwa kazi nyepesi katika barabara za wakati huo.

Wakuu wa mradi huo walau walikuwa na hamu ya kujua watazamaji wanapenda nini. Aliyekuja kuwa na sauti kubwa zaidi ni William Sellers, aliyekuwa ofisa wa afya nchini Nigeria na ambaye tangu mwaka 1939 aliongoza Kitengo cha Filamu cha Makoloni mjini London. Sellers aliamini kwamba Mwafrika asiyesoma hawezi kufuata sinema ya kawaida. Kwa hiyo filamu za kumwonyesha ziwe za polepole, picha zikae muda mrefu, zisiruke kutoka mahali hadi mahali, na kamera isisogezwe karibu mno. Ikasambaa hadithi ya wanakijiji walioonyeshwa mbu aliyekuzwa katika skrini, wakasema hawana haja ya kuogopa malaria kwa maana kwao hakuna mbu wakubwa namna hiyo. Kila ofisa aliisimulia, kila mmoja akidai ni kijiji tofauti. Ni ndugu wa damu wa hadithi ya Paris.

Mwanahistoria James Burns, aliyechunguza sinema katika Zimbabwe ya enzi za ukoloni, ameonyesha jinsi dhana hizo zilivyodumu bila kuthibitishwa, na jinsi zilivyotumiwa kuamua Waafrika waonyeshwe nini na wanyimwe nini. Huku kwetu, watu wale wale walioambiwa hawaelewi picha zinazoruka walikuwa wakijaza kumbi za Zanzibar, Mombasa na Dar es Salaam kutazama filamu za Marekani na za Kihindi. Ukumbi wa Royal ulifunguliwa Unguja mwaka 1921. Mtu aliyefuata kisa cha Kihindi cha saa tatu, chenye mapacha waliopotezana na mama aliyepofuka, hakuhitaji kupunguziwa mwendo ili aelewe kuhusu mbu.

Hapa pana kejeli ambayo ningependa msomaji aitafakari. Wakati watazamaji wetu wakidhaniwa hawawezi kutofautisha picha na ukweli, watazamaji wa Marekani walikuwa wakiuziwa Afrika ya bandia na wakiinunua. Mwaka 1909 Rais mstaafu Theodore Roosevelt aliteremka Mombasa kwa safari ya kuwinda, akapanda Reli ya Uganda akiwa ameketi mbele kabisa ya injini ili aone wanyama. Mpiga picha Mwingereza Cherry Kearton alikuwa nchini na alifanikiwa kumpiga filamu, iliyotolewa mwaka 1910. Ilikuwa ya kweli, na wengi waliiona inachosha. Mfanyabiashara William Selig wa Chicago alikuwa amewahi: kabla Roosevelt hajarudi, alimtafuta mwigizaji anayefanana naye, akanunua simba mzee, akampiga risasi mbele ya kamera ndani ya studio huko huko Chicago, akauza filamu hiyo kama uwindaji wa Afrika. Ilipata watazamaji wengi kuliko ya Kearton.

Halafu mwaka 1952 ikatoka Bwana Devil, filamu kuhusu simba wa Tsavo waliowala wajenzi wa reli mwaka 1898. Ilikuwa filamu ndefu ya kwanza ya rangi ya Marekani kutumia ufundi wa kuona kwa kina, ambapo mtazamaji huvaa miwani maalumu, na matangazo yake yaliahidi kwamba simba atarukia mapajani pako. Wamarekani walipanga foleni. Picha iliyochapishwa na jarida la Life, ya ukumbi mzima umevaa miwani na vichwa vimeinuliwa, imekuwa maarufu kuliko filamu yenyewe. Kwa hiyo hadithi ya garimoshi linalotoka kwenye skrini ilirudi baada ya nusu karne, safari hii kama bidhaa, na kwa kutumia reli yetu. Tsavo yenyewe haikuhitajika: uigizaji ulifanyika California. Filamu nyingine ya simba hao, The Ghost and the Darkness ya mwaka 1996, ilipigwa Afrika Kusini. Simba wenyewe wamejazwa na kuwekwa katika jumba la makumbusho la Field, mjini Chicago.

Ndiyo maana filamu za kweli za stesheni, hata zile fupi na zisizo na kisa, zina thamani kubwa kuliko urefu wake. Mpiga picha anaposimamisha kamera kwenye jukwaa la abiria hawezi kuchagua kila atakayepita. Mwaka 1897 Alexandre Promio, mmoja wa wapiga picha wa Lumière, alipanda garimoshi huko Jerusalem na kuelekeza kamera yake nyuma lilipoanza kuondoka. Katika filamu hiyo garimoshi halionekani. Kinachopita ni watu, Wazungu, Waarabu na Wayahudi waliosimama wakiaga, wengine wakiinua kofia, kila mmoja na vazi lake, jukwaa moja. Kitabu kizima cha historia ya mji huo hakikupi jambo hilo kwa upesi kama huo.

Hebu fikiria ungetazama nini katika jukwaa la Mombasa au Nairobi la miaka hiyo. Mabehewa yaligawanywa daraja tatu, na kwa desturi ya ukoloni Mzungu alikwenda la kwanza, Mhindi la pili, Mwafrika la tatu. Mwaka 1908 bango la Reli ya Uganda liliwaalika makabaila wa Uingereza kuja kukwepa baridi katika nyanda za juu za Kenya, likiwa limejaa michoro ya wanyama. Bango huchorwa likasema linalotaka. Filamu ya stesheni ingeonyesha pia mpagazi aliyebeba sanduku la kabaila huyo, mwanamke aliyeketi chini na mtoto mgongoni akingoja behewa la nyuma, na karani Mhindi mwenye saa mkononi. Anayetazama ajizoeze kutazama pembeni mwa picha, mbali na pale injini ilipo. Mpiga picha wa kikoloni alijali kilicho katikati, na pembeni kukaingia mengi asiyoyakusudia.

Mikanda ya zama hizo ni dhaifu mno. Hadi miaka ya mwanzo ya 1950 ilitengenezwa kwa naitreti, kemikali ya jamii moja na ile ya baruti. Ikishika moto haizimiki hata ikitumbukizwa majini, kwa kuwa ina oksijeni yake ndani. Isiposhika moto huoza polepole, inanata, kisha inakuwa unga. Utafiti uliotolewa mwaka 2013 na Maktaba ya Bunge la Marekani ulionyesha kwamba karibu asilimia 70 ya filamu ndefu bubu za nchi hiyo zimepotea. Za Lumière ziliponea kwa sababu zilitunzwa, na mwaka 2005 UNESCO iliziingiza katika orodha yake ya Kumbukumbu ya Dunia. Filamu za makoloni ya Uingereza, Kenya ikiwemo, zimehifadhiwa zaidi Uingereza. Orodha ya zaidi ya 6,000 iliwekwa mtandaoni mwaka 2010, na baadhi zinaweza kutazamwa bure. Ni hatua njema. Hata hivyo mwanafunzi wa Garsen anayetaka kuona babu yake alivyokuwa akiishi anategemea seva iliyo nchi nyingine, na maelezo yaliyoandikwa na watu wa huko.

Na sasa imeingia hatari mpya, isiyotokana na moto. Februari 2020 Denis Shiryaev, mtaalamu wa kompyuta, aliweka mtandaoni toleo la filamu ya La Ciotat lililokuzwa kwa akili unde: picha 60 kila sekunde badala ya 16, kali kama iliyopigwa juzi. Mamilioni walipendezwa, na yeye hakuficha alivyofanya. Lakini msomaji aelewe kilichotokea. Katikati ya kila picha mbili za Louis Lumière mashine ilibuni nyingine ambazo hakuna kamera iliyowahi kuzipiga, na pale palipokuwa na ukungu wa mkanda ilikisia mstari wa uso au nyuzi za nguo. Mwendo ni laini kwa sababu sehemu kubwa ya unachokiona ni makisio. Nakala za nakala zinasambazwa sasa bila maelezo hayo, nyingine zimetiwa rangi, nyingine zimewekewa sauti ya injini. Mtoto wa leo anaweza kukua akiamini mwaka 1897 filamu zilipiga kelele.

Anayetaka kuiona filamu hiyo ilivyo aitafute ile isiyo na sauti wala rangi, inayochukua sekunde 50 au pungufu kidogo. Haki zake zimekwisha muda, kwa hiyo shule yoyote yaweza kuionyesha bila kulipa mtu.

Kuhusu garimoshi halisi, treni ya abiria ya reli ya zamani kati ya Nairobi na Mombasa ilisitishwa mwaka 2017, na Mei 31 mwaka huo reli mpya ya SGR ikazinduliwa. Injini na mabehewa kadhaa ya zamani yamo katika Makumbusho ya Reli ya Nairobi, yaliyofunguliwa mwaka 1971. Mradi wa LAPSSET, ambao mpango wake ni pamoja na reli kutoka Lamu kwenda Isiolo na mpaka nchi jirani, ulizinduliwa Machi 2, 2012. Gati la kwanza la bandari ya Lamu lilianza kazi Mei 2021. Reli yenyewe bado haijajengwa.